9% ya koperativi au 14% ya benki: mkopo wa nyumba utanigharimu ngapi mpaka mwisho?

Mwalimu_BelAir

Jambo wote. Niko Lubumbashi, tunalipia nyumba kule Bel-Air, vyumba 2 na sebule, dola 180 kwa mwezi. Mwenye nyumba ametujulisha kwamba kuanzia Januari itakuwa 220, asiyeweza atafute pengine. Mimi ninafundisha shule ya msingi ya binafsi, bwana wangu ni mekaniki katika kampuni ndogo inayofanyia mgodi kazi. Tukiunganisha mishahara tunapata dola 1,250 hivi. Watoto 3.

Tumeona nyumba upande wa Kalebuka, vyumba 3, mwenyewe anataka 38,000. Tuna 8,000 tuliyoweka kwa miaka 6. Inabaki 30,000 ya kukopa.

Benki inasema 14%, miaka 10. Koperativi moja ya akiba inasema 9%, pia miaka 10, lakini hawajaniandikia malipo ya kila mwezi. Nilichukua kalamu nikapiga hesabu: 9% ya 30,000 ni 2,700, basi nitarudisha 32,700. Na 14% ni 4,200, nitarudisha 34,200. Lakini karatasi ya benki inasema 466 kwa mwezi, na 466 mara miezi 120 inatoka 55,920! Bwana wangu anasema benki wamekosea. Mimi naogopa kwamba sisi ndio hatujaelewa. Nani anaweza kunieleza taratibu, kama unavyomweleza mtoto?

Kalamu_Kampemba

Mwalimu, benki hawajakosea. Nilifanya kazi ya mikopo miaka 11, na hesabu uliyopiga wewe nimeiona kwa watu wengi, hata wenye diploma kubwa.

Hiyo 14% hailipwi mara moja. Ni ya kila mwaka, na inahesabiwa kila mwezi juu ya deni linalobaki. Mwezi wa kwanza una deni la 30,000. Riba ya mwezi huo ni 30,000 mara 14%, gawanya kwa 12: dola 350. Unalipa 466, benki inatoa kwanza 350 yake, 116 inayobaki ndiyo inapunguza deni. Mwezi wa pili deni ni 29,884, riba inakuwa 349 kasoro kidogo. Inashuka hivyo hivyo, polepole sana. Itabidi upite miaka 5 nzima ndipo sehemu inayopunguza deni iwe kubwa kuliko riba.

Sasa hiyo 9% ya koperativi. Kabla hujafurahi, nenda uwaulize swali moja: riba mnaihesabu juu ya deni linalobaki, au juu ya kiasi cha mwanzo mpaka mwisho? Kama ni deni linalobaki, malipo yako yatakuwa 380 kwa mwezi, na huo ni mkopo mzuri kuliko ule wa benki. Kama ni kiasi cha mwanzo, watachukua 2,700 kila mwaka kwa miaka 10, hata mwaka wa mwisho ambapo deni lako limebaki kidogo tu. Jumla 57,000, yaani 475 kwa mwezi. Hapo 9% inakuwa ghali kuliko 14%.

Wakupe ratiba ya malipo yote 120 kwenye karatasi. Asiyetaka kukupa, usisaini kwake.

Mama_Vitenge

Mwanangu Mwalimu, nilisoma swali lako jana usiku, nikaamka nikafungua sanduku, nikatoa kaye yangu ya zamani. Iko hapa mbele yangu sasa. Kaye ya kurasa 100, jalada la bluu, panya alikula kona moja. Mimi nauza vitenge sokoni, umri wangu 56, na mkopo wa nyumba nimeulipa mpaka senti ya mwisho. Nikwambie ulivyokuwa.

Mwaka 2010, bei ya shaba ilipoanza kupanda tena na kazi zikarudi mjini, bwana wangu alipata mkataba wa kudumu. Tukakopa 20,000 kwa riba ya 16%, miaka 8. Malipo: dola 370 na senti 58. Kila tarehe 5 nilipeleka mimi mwenyewe. Mnajua wenyewe dola zetu zinavyokaguliwa: noti iliyochanika upana wa ukucha, wanairudisha. Basi siku ya tarehe 4 nilikaa mezani kabla ya kupika bukari, nikizigeuza noti moja moja kwenye taa, nikizinyoosha kwa kiganja. Zile senti 58 nilizikamilisha kwa franka. Nikirudi, naandika kwenye kaye: tarehe, kiasi, sahihi yangu. Ukurasa mmoja mistari 12, mwaka mmoja ukurasa mmoja. Nilipenda kuona mistari ikiongezeka. Niliamini kila mstari ni deni linalokufa.

Mei 2013 nilikuwa nimejaza kurasa 3. Nikajumlisha: 13,341. Nikatoa kwenye 20,000, ikabaki 6,659. Mwaka huo zamu yangu ya likelemba, mchango wetu wa kupokezana, ilifika, na kaka yangu wa Likasi alinirudishia pesa nilizomkopesha; siku nyingi aliniomba nimsamehe, sikumsamehe, akalipa. Nikawa na 7,000. Nikazifunga kwenye kipande cha kitenge, nikakifunga kiunoni, nikapanda teksi mpaka benki. Ndani ya moyo nilisema leo tunamaliza, jioni nitamwambia bwana wangu.

Kijana wa pale alikuwa na adabu. Alitazama kwenye mashine, akachukua karatasi ndogo, akaandika namba, akaigeuza iniangalie: 15,239.

Nikamwambia, mwanangu, umechanganya dosie, yaani faili za watu. Akarudia. Ni ile ile. Miaka 3, dola 13,341, na deni limeshuka kwa 4,761 tu. Nyingine zote zilikuwa riba. Nilikaa kwenye kile kiti mpaka wakaniletea maji.

Sikuibiwa, nataka ulielewe hilo. Ile namba ilikuwa kwenye ratiba tuliyosaini 2010, mstari wa 36. Ratiba ilikuwa kurasa 3 za namba ndogo ndogo, tulisaini mwisho bila kusoma, maana tulikuwa na furaha na fundi alikuwa anangoja pesa ya mabati. Hakuna aliyetusomea na sisi hatukuuliza. Kwa hiyo mwanangu, ukipewa ratiba tafuta mstari wa 36. Kwa mkopo wako wa 30,000 nimemwomba mtoto wangu anipigie hesabu: baada ya miaka 3 utakuwa umelipa karibu 16,770, na deni litakuwa bado 24,856. Nusu ya deni utaifikia mwezi wa 80. Mtoto wako wa miaka 6 leo atakuwa anakaribia miaka 13.

Lakini zile 7,000 sikurudi nazo nyumbani, na hapa nisikilize vizuri kwa sababu ndipo nilipopata faida. Kijana yule aliniambia naweza kuzilipa juu ya deni. Walikata 2% ya adhabu ya kulipa mapema, dola 140. Iko kwenye mkataba, uliza na wako. Halafu akaniuliza: Mama, tupunguze malipo ya kila mwezi au tupunguze miezi? Nilitaka kusema tupunguze malipo, nipumue. Nikampigia bwana wangu simu. Akasema, hapana, 370 tumeshaizoea, punguza miezi. Ilikuwa imebaki miezi 60. Ikawa 28. Septemba 2015 tukamaliza, badala ya 2018. Zile 7,000 zilituokolea karibu 5,200 za riba. Vitenge havijawahi kunipa faida ya namna hiyo.

Hata wewe usiye na 7,000: ukiweza kuongeza dola 50 tu juu ya 466 kila mwezi, na mkataba ukiruhusu, utamaliza karibu miaka 2 mapema na utabaki na dola kama 5,400 mfukoni.

Yako mambo mengine ambayo hayamo kwenye ile 14%. Tulisaini 20,000, mkononi zikafika 18,950. Walitoa pesa ya dosie, walitoa asiranse (bima) ya kifo ya mkopaji, na riba tulilipa juu ya 20,000 yote. Kabla ya hapo tulimlipa mtu wa kukadiria bei ya nyumba, tukalipa notere wa kuthibitisha mkataba, tukalipa kuandikisha hipoteke, yaani rehani ya nyumba, kwenye setifika, ile hati ya umiliki. Mshahara wa bwana wangu ulichelewa mara 2, mara moja siku 19, kila mara adhabu. Na tulipomaliza, hakuna aliyetwambia kwamba kufuta hipoteke kunalipiwa pia na kunaombwa kwa barua. Deni liliisha Septemba, setifika tuliishika Februari.

Watu watakwambia kulipia nyumba ya wengine ni kutupa pesa. Hesabu kwanza. Kodi yako ya 180 kwa miaka 10 ni 21,600. Riba peke yake ya mkopo huu ni karibu 25,900. Najua kodi itapanda, umeshaambiwa 220, na najua mwisho wa miaka 10 mwenye kukopa ana nyumba na mwingine hana. Mimi sijutii nyumba yangu hata siku moja, mama yangu alifia ndani yake, akiwa kwenye kitanda chake na hakuna aliyetugongea mlango. Ila ningependa ningejua bei yake siku ya kwanza.

Muuguzi_Katuba

Aksanti Mama kwa kaye hiyo. Naongeza neno kwa wale tunaolipwa na Serikali kwa franka. Mwanzo wa 2023 dola ilikuwa inapita kidogo franka 2,000, mwisho wa mwaka ule ule ilikaribia 2,700. Chukueni malipo ya 466: kutoka franka kama 932,000 mpaka kama 1,258,000, ndani ya miezi 12, na mshahara haukusogea. Mikopo ya nyumba hapa kwetu ni ya dola. Mwenye mshahara wa franka asikope dola bila kuacha nafasi kubwa. Mimi niliacha dosie yangu katikati kwa sababu hiyo.

Mchanga_na_Saruji

Mimi naona wote mnajisumbua. Nunueni lupango, kiwanja, kwa pesa mliyonayo, mchome matofari, mjenge polepole kwa likelemba. Wazee wetu walijenga mitaa ya Katuba na Kenya, hapa hapa mjini, bila benki.

Fundi_Ruashi

Ndugu Mchanga, mimi ni mwashi, na hao wanaojenga polepole ndio wateja wangu. Njia ni nzuri kwa mwenye subira, lakini nayo ina riba yake. Udongo wa kichuguu unatoa tofali zuri, sawa, ila tofali lililokaa misimu 2 ya mvua bila kufunikwa linaanza kuvunjika, na mengine yanahama usiku. Nina mteja kajenga miaka 9, kila mwaka mita chache, na miaka yote 9 alilipa kodi kwingine. Hajawahi kujumlisha, hataki.

Mwalimu, mimi swali langu ni hili: hiyo nyumba ya Kalebuka ina karatasi gani? Kwa sheria ya 1973 ardhi ni ya Serikali, wewe unapata haki juu yake, na haki hiyo inakamilika kwa setifika. Mkataba wa kupangishwa ardhi unaotangulia ni wa muda tu. Benki haiwezi kuandikisha hipoteke bila setifika. Kama muuzaji hana, gharama ya kuitafuta itakuangukia wewe, na miezi itapita mwenye nyumba wa Bel-Air akiendelea kukudai.

Tena nyumba haiishii kwenye bei. Umeme: kabini ya SNEL iko mbali kiasi gani, na kebo ni ya nani? Maji: kuna bomba la REGIDESO linalotoa, au utachimba foraji? Ukuta upo? Mteja wangu wa mwisho kule alinunua nyumba "iliyokamilika", mwaka wa kwanza akatumia dola 3,400 kwa shimo la choo, ukuta wa nyuma na tangi la maji. Alikuwa na mkopo pia. Kuna na kodi ya nyumba ya jimbo kila mwaka, ambayo mpangaji haioni.

Kalamu_Kampemba

Fundi kasema kweli. Naongeza: sheria ya familia inataka bibi na bwana wote wakubali kabla ya kuweka nyumba hipoteke, basi Mwalimu usikubali dosie isainiwe bila wewe kuisoma.

Na kingine kinanisumbua. 466 kwenye 1,250 ni zaidi ya theluthi, na mshahara mkubwa unatoka kwa kampuni ndogo ya mgodini. Sisi tuliokuwa benki mwisho wa 2008, shaba ilipoanguka, tuliona dosie za watu waliokuwa wakilipa vizuri zikigeuka kwa miezi 3. Februari 2025 Serikali iliposimamisha uuzaji wa kobalti nje ya nchi, kampuni ndogo ndizo zilizotetemeka kwanza. Jiulize: bwana akikaa miezi 6 bila kazi, 466 itatoka wapi? Mkopo wa miaka 10 maana yake unaahidi kwamba miaka 10 mshahara hautakatika.

Kama mnaweza kukopa kidogo kwa muda mfupi, tofauti ni kubwa kuliko watu wanavyodhani. 30,000 hiyo hiyo, 14% hiyo hiyo, kwa miaka 5: malipo 698, jumla 41,883. Riba inashuka kutoka karibu 25,900 mpaka chini ya 11,900. Najua 698 hamuiwezi. Nasema ili uone miaka inagharimu nini.

Mama_Vitenge

Kalamu, hayo ya miezi 6 ndiyo niliyosahau kuandika. Sisi tulikuwa na meza yangu ya sokoni. Mwaka 2014 bwana wangu aliugua, miezi 4 mkopo ulilipwa na vitenge peke yake, na kwenye kaye mistari ile 4 niliiandika kwa wino mwekundu. Bila meza ile nyumba ingeondoka. Mwalimu, mkae na bwana wako mfanye majaribio: kuanzia mwezi huu hadi Aprili, wekeni pembeni 286 kila mwezi. Hiyo ni tofauti ya 466 na kodi mnayolipa sasa. Mkishindwa mwezi wa pili mtajua mkiwa bado hamna deni, na mkiweza mtakuwa mmeongeza pesa ya kuanzia.

Mwalimu_BelAir

Mama, Yaya Kalamu, Fundi, wote, aksanti mingi. Nilisubiri nipate majibu kabla ya kurudi hapa.

Jumanne nilienda kule koperativi. Niliuliza swali kama nilivyofundishwa: juu ya deni linalobaki au juu ya kiasi cha mwanzo? Yule bwana alisema, "kiasi cha mwanzo, mama, ni rahisi kuhesabu." Nikamwomba aandike malipo ya mwezi. Akaandika 475. Nikashukuru nikatoka.

Benki wamenipa ratiba. Nilienda moja kwa moja mstari wa 36, na nimeukuta: 24,856. Nilimwonyesha bwana wangu bila kusema kitu. Aliusoma, akaenda nje, alirudi baada ya muda mrefu akasema, hii nyumba tuiache.

Tumekubaliana hivi. Kalebuka hiyo hiyo kuna lupango nyingine, mwenyewe alihamia Kolwezi. Vyumba 2 vimekwisha na vina mabati, cha 3 kiko kwenye msingi, ukuta upande mmoja. Anataka 21,000, na setifika anayo, nimeiona kwa macho, ya asili, si fotokopi. Tutaipeleka kwenye ofisi ya hati za ardhi waitazame kabla hatujatoa hata dola. Tukikopa 15,000 kwa miaka 5, benki imesema 349 kwa mwezi, jumla karibu 20,941. Pamoja na 8,000 yetu zinabaki 2,000 za dosie, notere na maji. Na bwana wangu akikosa kazi, mshahara wangu na masomo ya jioni ninayofundisha yanafika 400, tutakula kidogo lakini tutalipa. Majaribio ya Mama tumeyaanza juzi: 169 zimewekwa pembeni.

Fundi, nina ombi. Jumamosi saa 3 asubuhi tunaenda kuitazama tena. Kuna ufa kwenye ukuta wa chumba cha nyuma, unaanzia kona ya dirisha unashuka mpaka chini, kidole changu kidogo kinaingia. Mwenyewe anasema ni plasta tu. Unaweza kuja kuuangalia? Teksi tutalipa sisi.

Fundi_Ruashi

Nitakuja. Msimpe chochote kabla ya Jumamosi. Ufa unaoingiza kidole mara nyingi si plasta, ni msingi. Nitabeba jembe dogo nichimbe pale kona tuone umekaa juu ya nini.